Si Buibui Huyo: Sista Ajibu Maswali Yenu ya Kuumwa na Wadudu

Haya jamani, mwezi huu simu yangu imejaa miguu ya watu. Miguu, mashingo, mapaja, na mengine hata sikuyaomba, na chini ya kila picha swali ni lile lile tu, Sista hii ni buibui? Mvua zishashuka, na mvua zikishuka Mombasa kila kitambaacho chataka kulala ndani na sisi, kwa hivo nimeona safu yote ya leo iwe ya hilo badala ya kumjibu mmoja mmoja mbio mbio.

Ila picha peke yake hainitoshi, nawaambia mapema. Mbu, kunguni, kiroboto, kwa kamera ya simu wote hao watoa kivimbe kimoja tu. Nikikuuliza ilianza saa ngapi, ulilala wapi, nani mwengine hapo nyumbani anajikuna, nguo ulianika wapi, sikufanyii udaku, jibu lenyewe liko huko. Halafu zile picha mnazozitoa kwenye intaneti mkajilinganisha nazo, nyingi ni za ngozi nyeupe. Wao waandika "wekundu unaosambaa", wewe wajitazama mkono mweusi huoni wekundu wowote wasema basi sio hiyo. Kwetu wekundu huo hutokea kama weusi weusi au zambarau, na saa zengine hauonekani kabisa, wausikia kwa kiganja tu kwamba hapa pana joto na pamekazana kuliko mkono wa pili. Kwa hivo mguse mgonjwa, usimtazame tu.

Haya, barua.

*Sista shikamoo. Mwanangu wa miaka saba aliamka juzi na mstari shingoni kama amechomwa na pasi, leo umetoa malengelenge na yuwalia ati yamuwasha na yamchoma pamoja. Bibi yake asema amekojolewa na buibui usiku. Jirani asema huo ni mkanda wa jeshi tumtafutie mzee amsomee. Nimsikize nani? – Mama wa watoto wanne, Kisauni*

Marahaba mwanangu. Mpe bibi salamu zangu lakini buibui hakojolei watu, maskini, hilo amesingiziwa miaka na miaka. Hiyo uliyonieleza, mstari, asubuhi, malengelenge siku ya pili, shingoni mahali pasipo nguo, na msimu wenyewe ndio huu, mimi nasema ni Nairobi flai kabla hata sijafungua picha.

Kimdudu chenyewe si nzi wala hakiumi. Ni chembamba, hakifiki sentimita moja, kichwa cheusi, kifua chungwa, mgongoni kuna kijigamba cha buluu au kijani chang'aa, kisha tumbo chungwa tena na ncha nyeusi, na kikitembea hupinda mkia juu mtu akadhani ni kinge kichanga. Sumu yake yaitwa pederini nayo i ndani ya mwili wake, haitoki mpaka wewe mwenyewe ukiponde. Mtoto amelala, kimemtambalia shingoni, yeye usingizini akapiga kofi akasugua, basi huo mstari unaouona ndio njia uliyopita mkono wake. Na kwa kuwa ngozi hungoja masaa, mara nyingi siku nzima hata mbili, ndipo iwake, hakuna nyumbani anayekumbuka mdudu wowote, ndio huyo buibui wa watu akabebeshwa. Saa zengine utaona alama mbili zatazamana kwenye kikunjo cha kiwiko au nyuma ya goti, hiyo ni kwa sababu mkono ulikunjwa sumu ikashika pande zote mbili, na hiyo ukiiona huna haja ya kuuliza mtu. Wa umri wangu mwakumbuka ile El Niño ya 1997 kuingia 1998, vilijaa nchi nzima, watu walitembea na mashingo yamebabuka kama jeshi zima limekwenda kwa kinyozi mmoja.

Cha kufanya: muoshe hapo kwa sabuni na maji mengi, foronya na shati alilolalia pia, kwa sababu sumu ikibaki kwenye mikono hupelekwa kwengine na pa hatari zaidi ni machoni. Jicho likiwa limeguswa na likavimba, lisafishe kwa maji mengi ya kutiririka na umpeleke spitali siku hiyo hiyo. Ngozi ya shingo muwekee kitambaa cha maji baridi, losheni ya kalamini, au krimu ya haidrokotizoni ile nyepesi kwa siku chache. Malengelenge usiyapasue. Yatakauka wiki moja mpaka tatu hivi, na alama nyeusi itabaki miezi, hiyo ni ngozi yetu tu, itaondoka, usimpake vile vya kuchubua.

Na mkanda wa jeshi ni kitu kingine kabisa, jirani usimtupe lakini. Ule hushika upande mmoja wa mwili hauvuki katikati, humpata zaidi mtu mzima, na maumivu hutangulia siku kadhaa kabla lengelenge halijatoka. Mtu mzima akiona hivo asiende kwa mzee kwanza, aende spitali kwanza, dawa zake zafanya kazi vizuri zikianzwa ndani ya masaa 72 tangu upele utoke. Mzee atamsomea baadaye, dua haina haraka ya masaa.

Usiku taa ya barazani izimeni au fungeni madirisha mapema, vimdudu hivyo vyapenda mwanga. Ukikikuta kimekupanda kipulize, au kiwekee karatasi kipande chenyewe. Usikipige, hata ikibidi ujishike mkono.

*Sista niaje. Nimehamia rumu Mishomoroni na wiki ya pili sasa naamka na vivimbe vitatu vinne vimejipanga laini moja kwa mkono, kesho yake ni mgongoni. Nimegugo ikanambia spider bite. Nimespreyi kona zote, utando wote nimetoa, bado. Na ninayelala naye rumu moja hana hata kimoja sasa ni mimi tu ndio mtamu ama? – Kijana wa Mishomoroni*

Pole kijana. Buibui hanywi damu. Hana biashara na wewe kabisa, yeye ataka nzi wake na mende wake, na akikuuma basi ni mara moja kwa kuwa umemlalia au umemkamua ndani ya kiatu, hawezi kurudi kila usiku akakupiga vinne vinne kwa mpango. Anayerudi kila usiku ni yule anayekula kwako. Huyo ni kunguni.

Usiniamini mimi, kathibitishe. Amka saa tisa au kumi za usiku, washa tochi ghafla, tazama mshono wa godoro, nyuma ya ubao wa kichwani, ndani ya matundu ya misumari ya kitanda, nyuma ya soketi ya ukutani. Kama hukuwaona wenyewe utaona vitone vyeusi kama umegusagusa na kalamu ya wino, hicho ni kinyesi chao, na magamba waliyojivua, na kwenye shiti vidoa vya damu. Wakiwa wengi rumu yanuka harufu fulani hivi tamu ya kuoza, aliyewahi kuishi nayo haisahau.

Huyo mwenzako naye aumwa vile vile, ila ngozi yake haijibu. Kuna watu wengi tu hawatoi alama, na kuna ambao alama zatokea siku nyingi baadaye, ndio maana kwenye nyumba moja mume ajikuna mke asema wewe una alaji ya sabuni, wakagombana bure.

Sasa kazi yenyewe ni ngumu, sikudanganyi. Sprei ya dukani mara moja haiwezi, wengi wao wameshazizoea hizo dawa, na ile ya bomu la moshi huwatawanya tu waingie rumu ya jirani wakarudi wiki ijayo. Joto ndilo lawaua: mashiti, neti, mapazia, nguo, vyote kwenye maji ya moto kabisa ya kuanzia nyuzi 60, kitanda cha chuma au mbao umwagie maji yanayochemka kwenye maungio yote, godoro likiwezekana livishwe mfuko wa zipu usiofunguliwa. Kulitia juani peke yake hakutoshi, juu litapata moto ndani wao wamepoa. Halafu urudie tena na tena kila wiki, kwa sababu mayai hayafi na dawa, yaanguliwa kama baada ya wiki moja hivi na wewe ushajipongeza. Mzungumzieni landilodi afanye rumu zote za hiyo ploti siku moja, vinginevyo mtakuwa mwapokezana. Mafuta ya taa usimwage, rumu moja, jiko humo humo, watu wameungua.

La kukutuliza ni kwamba kunguni hajulikani kuambukiza mtu ugonjwa wowote, ataka damu na kukunyima usingizi basi. Na si uchafu pia, usione haya, waja kwenye begi, kwenye sofa la mkono wa pili, hata kwenye hoteli za bei.

Ukitaka kujua si wengine: viroboto hupiga chini, vifundoni na muundini, hasa palipo na paka. Mbu hupiga ovyo ovyo popote palipo wazi, hana laini. Na kama mwawashwa zaidi usiku, baina ya vidole, kwenye vifundo vya mikono, kiunoni, na nyumba nzima yajikuna, huo si mdudu wa kitandani ni upele ule wa kuambukizana, skabisi, na dawa yake hupakwa nyumba nzima siku moja, aliyewashwa na asiyewashwa, kutoka shingoni mpaka nyayoni, kisha usishangae mkiwashwa wiki mbili zaidi, haimaanishi dawa imekataa.

*Bi Sista, mimi ni mtu wa Likoni navuka feri kila siku kwenda kazini. Paja limevimba, katikati kuna kichwa cheusi na usaha, lauma hata siwezi kukaa. Mwenye duka la dawa kanambia nimeumwa na buibui wa sumu nyama itaoza kanipa vidonge vinne vya antibayotiki kwa shilingi mia. Nimesoma mtandaoni nikaona picha nikakosa usingizi. – Baba Likoni*

Kaka yangu, ulimuona huyo buibui? Hukumuona. Hakuna anayemuona. Nimeuliza swali hilo miaka yote niliyofanya kazi ya unesi na jibu ni hilo hilo, "sikumuona lakini ni yeye".

Picha ulizoziona ni za buibui mmoja wa kahawia wa Marekani, yule kweli sumu yake yaweza kuua nyama ya ngozi, lakini kwao ni majimbo ya katikati na kusini ya Marekani, si Likoni wala Mtongwe. Na hata huko kwao sikiza kisa hichi: kule Kansas mwaka 2001 familia moja ilikusanya buibui hao hao 2,055 ndani ya nyumba yao kwa miezi sita, elfu mbili na hamsini na tano, walala nao, wavaa nguo walimopita, na hakuna hata mmoja wao aliyeumwa. Wataalamu wakaandika makala nzima juu ya hiyo nyumba. Sasa wewe ambaye huna hata mmoja chumbani wakwambia nyama itaoza.

Sisemi huku hatuna wanaouma. Tuko na mwengine wa kahawia, si yule wa Marekani, mwenye alama ya chungwa chini ya tumbo, hujificha chini ya viti vya plastiki na ndoo zilizokaa sana, kifuko chake cha mayai ni kijipira chenye miiba miiba, akikuuma pauma na aghalabu maumivu yabaki hapo hapo. Tuko na yule mkubwa wa manyoya wa mashimoni na vichakani, ambaye wazungu wanaofuga buibui majumbani wamempa jina la Mombasa yetu, kisa wampenda rangi yake ya dhahabu. Huyo mkali, akikuuma utalia na utavimba na misuli yaweza kukukaza siku kadhaa, lakini hakuna anayejulikana kuuliwa naye. Na yoyote katika hawa akikuuma utajua saa hiyo hiyo, hutaamka ukakuta jipu.

Kwa sababu hilo lako ni jipu. Usaha, joto, uchungu wa kudunda, hiyo ni kazi ya bakteria, mara nyingi wale waitwao stafilokoka ambao wengi twatembea nao puani na kwenye ngozi bila habari, wakapata pa kuingilia, kinywele kilichonyolewa, suruali inayokwaruza, jasho. Lifanyie kitambaa cha maji ya moto mara tatu nne kwa siku, usilikamue, na kwa kuwa huwezi hata kukaa nenda leo likapasuliwe na mtu mwenye vifaa safi, kwani jipu kubwa antibayotiki peke yake haziliwezi, usaha lazima utoke. Vile vidonge vinne ndio vyaniudhi zaidi. Dozi ya nusu yafundisha bakteria ujanja. Na kama majipu yamekuwa yakirudi rudi, mwambie daktari akupime sukari, wengi wamejua kisukari chao kwa njia ya jipu. Ukiona homa, mtetemeko, au mstari wa joto wapanda kutoka jipuni kuelekea kinenani, hapo usingoje asubuhi.

Kidonda cheusi kingine nikitaje hapa kwa sababu wengi wachanganya: kama ulikwenda bara, umetembea kwenye nyasi za ng'ombe au mbuga, kisha baada ya siku kadhaa ukapata homa, kichwa chauma kweli kweli, na mwilini kuna kigaga kimoja cheusi kikavu ambacho chenyewe hata hakiumi, huyo ni kupe. Madaktari wa zamani waliita homa hiyo kwa jina la Kenya yetu. Ina dawa nzuri, doksisaiklini, ila lazima umtajie daktari hizo nyasi na umuonyeshe kigaga, vinginevyo atapima malaria akikosa akurudishe nyumbani.

*Sista mtoto wangu wa miezi minane ana vijipu vitano mgongoni na matakoni, kila kimoja kina kitundu katikati, na jana naapa nimeona ndani kitu kinacheza. Mwanzo nilidhani ni joto. Nina hofu. – Mama mchanga, Jomvu*

Mama, vuta pumzi, hukukosea macho. Ndani kuna funza wa nzi, wengi humwita mango flai, na ni jambo la kawaida pwani hii kuliko watu wanavyokiri. Nzi huyo hutaga kwenye nguo iliyo mbichi mbichi iliyoanikwa kivulini au kutandazwa kwenye majani, na kwenye mchanga ulioingia mkojo, tena nepi za watoto ndizo azipendazo. Yai laanguliwa siku moja mpaka tatu, kifunza chakaa kwenye nguo kikingoja joto la mwili, mtoto akivishwa chaingia ngozini bila yeye kusikia chochote. Kile kitundu ni pua yake.

Usimkamue mtoto kwa nguvu, funza akipasuka ndani ndio utaleta jipu la kweli. Paka mafuta mazito ya mgando juu ya kitundu, yafunike vizuri, akikosa hewa atajitokeza, kisha mpeleke dispensari watamtoa polepole wasafishe. Vitano kwa mtoto wa miezi minane mimi ningempeleka moja kwa moja.

Na pasi. Pasi, pasi, pasi, kila nguo yake, mishono na lastiki ya kiuno hasa, pande zote mbili, na shuka analolalia. Msimu huu wa mvua ambao nguo hazikauki ndio zaidi. Asiye na stima atumie pasi ya makaa, na asiye na hiyo aanike juani penye upepo, juu kabisa, kisha nguo zikae wiki mbili ndipo zivaliwe.

Sasa zile fupi fupi.

*Fundi wa makuti, Shanzu: nimeumwa juu ya paa na kitu, matundu mawili, mkono wote wawaka, wenzangu wasema nyoka.* Kwenye makuti makongwe matundu mawili ni tandu mara nyingi, huuma kwa vile vijino vyake viwili vya mbele na uchungu wake hausimuliki. Osha, vua pete kabla kidole hakijavimba, tumbukiza mkono kwenye maji ya moto ya kuvumilika nusu saa hivi, uyapime kwanza kwa mkono mzima usijiunguze. Lakini kama hukumuona na uvimbe wapanda, au kope zaanza kuwa nzito, au unatoka damu fizini, wewe chukulia ni nyoka, usiuchezeshe mkono, nenda spitali ya Coast General. Na nge vile vile, mtu mzima huvumilia, mtoto mdogo apelekwe.

*Wa bichi, Bamburi: unyayoni kuna kamstari kanapinda pinda na kila siku kamesogea.* Ni kiminyoo cha mbwa na paka, wao huchafua mchanga, wewe watembea peku. Kwako hakiwezi kukomaa kimepotea njia tu, ndio maana chazunguka. Dispensari watakupa albendazo au ivamektini. Usikichome na kiberiti, kichwa chake kishasonga mbele ya mstari unaouona.

*Msomaji wa Tudor: vyekundu vya kwenye mwembe vimenivamia mwili wote.* Hao majimoto, wauma kisha wamwagia asidi hapo hapo walipouma. Oga, vaa nguo nyengine, jioni utakuwa umesahau. Msiwaue wote, wakulima wa minazi wawapenda kwa sababu hufukuza wadudu waharibifu.

*Msomaji wa Changamwe: mbu waniuma saa nne za asubuhi dukani, huyo naye wa malaria?* Wa malaria hupenda usiku. Wa mchana mwenye miguu ya mabaka meupe ndiye wa homa ya dengi na ya chikungunya, na Mombasa twamjua, dengi ya 2013 mpaka 2014 na chikungunya ya mwisho wa 2017 kuingia 2018 watu walitembea wamejikunja. Alama yake ngozini haina tofauti na ya mbu mwengine yeyote, kwa hivo usikae kuisoma, kapimwe ukipata homa. Na kabla hujajua ni nini usimeze aspirini wala brufeni, dengi huweza kuleta kutoka damu, tumia parasetamo. Mitungi ifunikwe, matairi yatolewe maji.

*Sista, mbona wewe wadharau dawa za kienyeji? Babangu aliumwa na nyuki akapakwa dawa ya meno na kuwekewa jiwe jeusi na akapona. – Asiyetaka kutajwa, Mji wa Kale*

Akapona kwa sababu nyuki mmoja mtu hupona hata ukimpaka uji. Silidharau jambo lolote lisilodhuru, dawa ya meno yapoza kidogo, haya, kapake, ingawa kipande cha barafu ndani ya kitambaa chapoza zaidi. Jiwe hilo jeusi wanalolibandika ati lifyonze sumu halifyonzi kitu, na kibaya si jiwe, ni yale masaa mtu ayangoja jiwe lidondoke ilhali ameumwa na nyoka. Kuchanja wembe sitaki kukusikia.

Nyuki huacha mwiba wake na kifuko cha sumu bado chasukuma, kwa hivo utoe haraka, kwa ukucha, kwa kadi, kwa chochote, upesi ndio muhimu kuliko namna. Nyigu na dondora hawaachi mwiba na waweza kurudia. Kuvimba mkono mzima kwa siku mbili tatu kwatisha lakini kwaisha, meza setirizini, ile dawa ya alaji, inua mkono. Kinachoua ni kingine: mtu aumwa mguuni kisha midomo na macho yavimba, sauti yakwaruza, pumzi yapiga filimbi, vipele vya kuwasha mwili wote, atapika, kizunguzungu. Hiyo huja ndani ya dakika, mara chache yapita saa moja. Hapo si kidonge wala jiwe, ni sindano ya adrenalini, mlaze miguu juu kama si pumzi inayomsumbua, mpandisheni tuktuk yoyote iliyo karibu. Na aliyewahi kupata hivo mara moja aseme kila mahali aendapo. Aliyeumwa na nyuki wengi kwa pamoja pia apelekwe, hata akisema yuko sawa.

*Sista la mwisho, kuna buibui mkubwa kama kiganja bapa hivi akimbia ukutani jikoni kwetu usiku, mume wangu ataka kumuua mimi naogopa kumkaribia. Ana sumu? – Bi harusi mpya, Majengo*

Mwambie bwanako amuache. Huyo hana utando, huwinda kwa mbio, na jikoni kwako awinda mende, hata yale makubwa yanayoruka. Ukimbana mkononi atakuuma, patauma kidogo na kuvimba kisha basi, lakini yeye ataka kukukimbia kuliko wewe. Ukimuona amebeba kitu cheupe bapa kama sarafu kifuani ni mayai yake, hapo najua hutaki tena kusikia maneno yangu, basi mfunike na bakuli, pitisha karatasi ngumu chini, kamuachilie ukuta wa nje mbali na mlango. Na mende mtawaua wenyewe.